Aliyetambaa Kinyumenyume

Kulesa
14 Septemba 2024

Kwa wifi yangu Dorothy,

Dukicha ameniambia masikio yako sasa yamefunga kabisa, hata akipiga honi nyuma yako hugeuki. Basi simu tuiache, tuandikiane kama zamani. Amekubali kutubebea barua kwenye gari lake la maziwa kila akipita Wenje, ila amesema barua yangu isinuke samaki. Nimenawa mikono kabla ya kushika kalamu.

Mimi ni mzima. Nimerudi nyumbani tangu Julai, na sasa ni mwezi wa nne tangu mdogo wako, baba Martin, atutoke kule kambini. Nalala vizuri, nakula vizuri. Asubuhi bado natoa vikombe viwili, halafu narudisha kimoja. Hilo halinisumbui, ni mikono tu haijajifunza.

Nakuandikia kwa sababu ya ile kamera. Unajua miaka miwili ya mwisho mdogo wako alikuwa akifanya kazi na mradi wa kuhesabu kima msituni. Walimpa kamera ndogo ya kufunga kwenye mti. Kitu kikipita mbele yake inajiwasha yenyewe, inapiga video ya sekunde kumi, inazima na kungoja tena. Haina sauti. Maji yalipokuja mwezi wa Aprili aliitoa msituni, akaifunga kwenye boriti ya sebuleni mto usiichukue, nasi tukaondoka kwenda kambini. Yeye hakurudi, na mimi nikaisahau kule juu.

Juzi Alhamisi akaja Fahima, binti wa ule mradi, kuifuata. Martin alikuwa hapa kutoka Mombasa, na Margaret, mwenyekiti wetu wa akina mama wa kanisa, na jirani yetu Kavumbi, ambaye hapigi hodi akisikia chai inachemka. Fahima akasema tutazame kima kidogo kabla hajaondoka. Akaweka kompyuta mezani, tukakusanyika.

Kima walikuwa wachache. Baada yao akatokea yeye mwenyewe. Uso wake ulijaa kioo kizima, anafunga kamba, ulimi umetoka kidogo pembeni kama alivyofanya akitia uzi kwenye sindano. Anashuka, anajikuna sikio, anatazama chumba, anatoka. Fahima alitaka kusonga mbele, nikamwomba airudishe. Aliirudisha mara tatu bila kunung'unika. Mungu ambariki binti yule.

Halafu maji. Yaliingia mlangoni polepole, asubuhi, yakibeba majani. Sufuria yangu kubwa ikazunguka sebuleni kama mgeni anayetafuta kiti. Kenge mmoja alipanda meza akalala siku mbili. Kavumbi akasema, "Huyo ndiye baba mwenye nyumba sasa." Tukacheka, hata Martin. Kisha maji yakaondoka, likabaki tope, na kwa siku nyingi hakuna kilichopita ila mjusi, mpaka utando wa buibui ukafunika kioo cha kamera, tukawa tunaona weupe tu.

Ikaja tarehe 20 Juni, saa tatu asubuhi, na utando umeondoka. Sisi wote tulikuwa bado kambini siku hiyo, kijiji kizima. Chumba kina mwanga wa kutosha. Unalikumbuka koti la mvua la mdogo wako, lile la kijani ambalo nilitia kiraka cheusi begani? Lilikuwa kwenye msumari. Video inayofuata, msumari uko mtupu. Video inayofuata, koti liko sakafuni, na ndani yake mna mtu.

Kofia ya koti imefunika kichwa chote. Mtu huyo anatambaa, lakini haendi mbele, wifi. Anatambaa kinyumenyume, miguu ikitangulia, na mikono yake ni ya rangi ya jivu mpaka kwenye viwiko. Kwa kuwa kamera inalala na kuamka, yeye anakuwa kama anaruka: mara yuko kwenye mguu wa kitanda unaoonekana kupitia mlango wa chumba, mara yuko katikati ya sebule, mara hayupo, mara yuko chini ya kamera kabisa tunaona mgongo peke yake. Katika video moja ameacha kutambaa. Ameweka uso wake sakafuni na mabega yanatikisika. Sekunde kumi zote yanatikisika.

Martin akasema kwa sauti ndogo, "Anakula udongo."

Margaret alitoka nje akiliita jina la Yesu, akaacha kiatu kimoja. Kavumbi akahesabu kwa vidole tangu tarehe 12 Mei tulipomzika baba Martin. "Ishirini Juni," akasema, "ni siku ya arobaini." Hapo hata Fahima alifunga kompyuta.

Mimi sikuogopa. Nilitaka uisikie habari hii kwangu kabla hujaisikia njiani. Niambie unaonaje.

Wifi yako,
Pauline


Wenje
20 Septemba 2024

Pauline,

Barua yako nimeisoma mara mbili. Miwani yangu imevunjika mguu, nimeifunga kwa uzi.

Unaniuliza naonaje. Naona hayo si mambo ya kuwekwa mezani watu wakinywa chai. Mwambie binti huyo aifute kadi au aichome. Kima wake atawapata msituni, hawajahama.

Uso ulionekana? Hukuandika kama uso ulionekana.

Kama Martin anaogopa, ana haki. Nyumba iliyoingiliwa na maji na kenge na vitu vingine si nyumba ya mwanamke peke yake. Wewe bado una nguvu, nenda ukae na mwanao. Nyumba ni miti na udongo. Watu wa mto tumejenga mara ngapi?

Nasikitika kwamba sikumzika mdogo wangu. Njia ilikuwa imekatika, wewe unajua. Maji yalifunga kila mahali.

Dorothy


Kulesa
28 Septemba 2024

Wifi yangu mpendwa,

Uso haukuonekana. Nakujibu hilo kwanza.

Habari imeenea. Kiatu cha Margaret bado kiko mlangoni kwangu, anaogopa kukifuata. Huniita akiwa barabarani, nami namjibu nikiwa jikoni, tunapiga kelele kama watu wa ng'ambo mbili za mto. Kavumbi akipita na jembe lake hunyanyua kofia: "Mama Martin, mzee yuko ndani? Msalimie sana!" Halafu anaongeza mwendo. Nacheka peke yangu. Chai sasa inabaki mpaka jioni.

Lakini Martin hacheki. Anasema ataivunja nyumba. Amenitafutia chumba Mombasa, karibu na kwake, chenye choo ndani. Atakuja Jumamosi tarehe 19 Oktoba na mafundi wawili, watoe mabati na milango, kuta waziachie mvua. Ni mtoto mzuri. Anafanya hivyo kwa kuniogopea.

Nilijaribu kumweleza. Nilimwambia, "Baba, yule si mzuka. Yule ni mtu anayesiliba sakafu."

"Kusiliba nini, Mama?"

"Sakafu hii. Unachanganya udongo wa kichuguu na samadi, unapaka kwa mkono, unamalizia kwa jivu. Utaendaje mbele? Utakanyaga ulipopaka. Unaanzia chumbani unarudi nyuma mpaka mlangoni."

Nilipiga magoti mbele yake nikamwonyesha. Alinitazama kama mama anayechanganyikiwa. Yeye amekulia kwenye sakafu hii lakini hajawahi kuiona ikisilibwa. Nilikuwa nasubiri watoto waende shule, na wakirudi imekauka. Margaret amesiliba sakafu nyingi kuliko mimi, lakini yeye aliliona koti, mikono hakuitazama.

Na ni kweli, wifi. Niliporudi Julai nilitarajia kukuta tope la kufika kwenye vifundo vya miguu. Nilikuta sakafu safi, laini, imekaushwa vizuri. Nilifikiri ni akina mama wa kanisa. Nilimshukuru Margaret mbele ya watu, naye akasema, "Ni wajibu wetu, dada." Kumbe alifikiri ni akina mama wengine. Wote walifikiri ni wengine, na wote wakapokea shukrani.

Martin akaniuliza, "Basi ni nani, Mama? Taja jina. Ukitaja jina nitampigia simu, na nyumba sitaigusa."

Nikamwambia sijui.

Sijamdanganya mwanangu tangu alipokuwa na miaka sita nikamwambia sindano haiumi.

Alama za mkono bado zinaonekana kwenye sakafu, kama pepeo nyingi za kupepea moto zimepangwa. Mtu akisiliba kwa mkono wa kulia, pepeo hufunguka upande huu. Hizi zimefunguka upande wa pili. Nazifagia polepole nisizifute.

Martin atakuandikia. Wewe ndiye mkubwa uliyebaki upande wa baba yake, hataki kuvunja bila neno lako. Utakalosema, mimi nitalikubali, wala sitakuuliza sababu.

Pauline


Mombasa
1 Oktoba 2024

Kwa Shangazi Dorothy,

Shikamoo Shangazi. Natumaini miguu imepata nafuu. Mimi na watoto hatujambo.

Mama ameshakueleza yaliyotokea, kwa hiyo sitarudia. Mimi ni fundi wa friji, mambo ya mizimu siyajui wala sikuwa nikiyaamini. Lakini nimeona kwa macho yangu. Lile koti nalijua, Shangazi, nimewahi kulivaa. Na tarehe ni ile. Sasa Mama analala peke yake mle ndani na anatabasamu. Hilo ndilo linaninyima raha zaidi, anavyotabasamu. Ananiambia eti ni mtu aliyekuja kupaka sakafu. Nani atoke kwake wakati wa mafuriko, aingie nyumba isiyo na watu, apake sakafu, aondoke bila kumwambia mtu? Mwenye akili timamu hafanyi hivyo.

Naomba ruhusa yako niivunje. Sitaki baadaye ukoo useme Martin alibomoa nyumba ya baba yake kabla nyasi hazijaota kaburini. Ukiandika neno moja tu, "vunja", linatosha. Tarehe 19 nitakuwa hapo na mafundi. Nisipopata barua nitahesabu kwamba umekubali.

Jambo jingine ambalo sijawahi kukuambia. Baba akiwa mgonjwa hemani alikuwa anauliza, "Dada amefika?" Asubuhi na jioni. Tulimwambia maji yamefunga barabara. Alisema, "Atapata njia tu, yeye mto haumshindi." Nakuambia ili ujue alikuwa na wewe moyoni. Najua ungekuja kama njia ingekuwepo.

Mwanao,
Martin


Wenje
8 Oktoba 2024

Pauline,

Umegusia mkono wa kushoto ukanyamaza. Mimi ni kiziwi, si mjinga.

Ulijua tangu lini? Unijibu wazi.

Martin ameniandikia. Nimeikalia barua yake siku tatu.

D.


Kulesa
11 Oktoba 2024

Wifi,

Nilijua siku ileile, mezani. Wao walitazama koti, mimi nilikuwa natazama mkono. Nilikuona ukisiliba siku ya arusi yangu, nyumba ya mama mkwe, wanawake wengine wanakucheka, "Dorothy, mkono huo si wa kulia chakula!" nawe ukawajibu, "Ndiyo maana sakafu zangu hazina njaa." Nilikuwa mgeni, nilikuwa na hofu, na neno lile lilinichekesha mpaka nikajisikia nyumbani.

Na ile video ya mabega. Martin alisema mtu anakula udongo. Nililia nikajifanya nimepaliwa na chai.

Nilikuandikia barua ya kwanza kukupa nafasi ya kusema ukitaka. Hukutaka, basi. Sikukasirika. Najua ulichosema mlangoni kwangu mbele ya watu wanaotoka kanisani, na najua wangekucheka leo. Watu hawasahau kiapo cha mwingine.

Kwa hiyo nisikilize. Mwandikie Martin "vunja". Nimeshaanza kufunga vyombo. Chumba cha Mombasa kina choo ndani, mimi na magoti yangu tutashukuru. Nimeishi hapa miaka thelathini na moja na mtu niliyempenda. Hayo hayamo kwenye mabati.

Jina lako halitatoka mdomoni mwangu.

Pauline


Wenje
15 Oktoba 2024

Martin mwanangu,

Umeniomba neno moja. Nakupa mengi, yasome mpaka mwisho, na ukimaliza wasomee mafundi wako, na Kavumbi, na Margaret, na yeyote atakayekuwa amesimama hapo.

Mtu uliyemwona ni mimi.

Mwaka 2018 mto ulipohama, ulilikata shamba la mama yetu. Upande wangu ukabaki ng'ambo, upande wa baba yako ukabaki mlangoni kwake. Nikamwambia tugawane kilichobaki. Akasema, "Dada, ngoja, mto utarudi." Nikaona ananifanya mtoto. Siku hiyo watu wakitoka kanisani nilisimama nje ya mlango wenu nikasema: mguu wangu hautaingia ndani ya nyumba hii wakati wewe unapumua. Mama yako alikuwa ameshika sahani ya wali aliyoniletea. Niliondoka nikamwacha nayo mkononi.

Nilipata habari kwamba ni mgonjwa na ananiita. Nilisema njia imekatika. Martin, boti ya msaada ilipita Wenje kila Jumanne na kila Ijumaa. Niliitazama. Ijumaa moja nilifunga mzigo nikafika mpaka majini, nikarudi. Nilisema moyoni, akipona nitajua Mungu ananitaka niende taratibu. Alikufa kesho yake.

Kiapo changu nilikitimiza. Hiyo ndiyo aibu yangu, kwamba nilikitimiza. Niliingia nyumbani kwake akiwa hapumui.

Juni barabara ilipofunguka nilimwomba Dukicha anipeleke. Kambini nisingeweza kwenda, ningemtazamaje mama yako? Nikasema nitakwenda nyumbani ambako hakuna mtu. Siku ya arobaini sikuihesabu, iliangukia tu kesho yake baada ya siku Dukicha alipokuwa na nafasi. Samadi alinipa yeye, gunia zima, wala hakuniuliza ni ya nini. Nilikuta tope limejaa chumba kwa chumba kama zizi. Nililitoa kwa koleo siku nzima ya kwanza mpaka mikono ikachubuka, lakini nilikuwa sijaufagia utando wa kwenye boriti, kwa hiyo kamera yenu hiyo naona haikuniona nikiumia, iliniona nikitambaa. Paa lilikuwa linavuja, mvua ikanyesha, nikachukua koti lake nikavaa. Lilikuwa bado na harufu ya tumbaku yake.

Tulipokuwa watoto mama alinifundisha kusiliba, na baba yako ndiye aliyekuwa akiniletea maji kwa kibuyu. Alikuwa akimwaga nusu njiani. Siku hiyo ya Juni nilipofika katikati ya sebule yenu nilinyoosha mkono nyuma nipokee kibuyu. Nilinyoosha mkono hivyohivyo, kwa mazoea, mimi mwanamke wa miaka sitini na minne. Hapo ndipo niliposhindwa. Hayo ndiyo uliyoyaona. Sikuwa nakula udongo.

Umeandika mwenye akili timamu hafanyi hivyo. Kweli. Lakini hayo ndiyo niliyoweza kumfanyia.

Mama yako alijua tangu siku ya kwanza akanifichia, mpaka akakubali kutoka nyumbani kwake. Mimi nilimwachia sahani mkononi, yeye ananiachia nyumba. Siwezi kuipokea.

Neno langu ni hili: usivunje.

Shangazi yako,
Dorothy


Kulesa
20 Oktoba 2024

Wifi yangu mpendwa,

Jana nilitaka uwe hapa, hata bila masikio ungefurahi.

Mafundi walikuwa juu ya paa tangu asubuhi. Mabati mawili yalikuwa yameshashuka, na Martin alikuwa kwenye ngazi na mtaimbo, Dukicha alipofika akipiga honi tangu kule njia panda. Hakuzima gari. Alikuja mbio, mtu mzima yule, akainua barua juu: "Shuka wewe! Shuka usome! Shangazi yako amesema nisiposimama hapa mpaka isomwe, hatanunua maziwa yangu tena."

Martin aliisoma kwanza kimya akiwa palepale kwenye ngazi. Kisha akashuka, akaisoma kwa sauti kama ulivyoagiza. Palikuwa na watu kama kumi na watano, walikuja kuona nyumba ya mzuka ikivunjwa. Alipofika pale pa boti alisimama. Nikamwambia, "Soma, baba. Ameandika ili isomwe." Akasoma mpaka mwisho.

Wa kwanza kusema alikuwa Kavumbi, nani mwingine? "Kwa hiyo mwezi mzima nimekuwa nikimkimbia Dorothy?"

Dukicha akamjibu, "Hata kabla hujamfanya mzuka ulikuwa unamkimbia."

"Na wewe ulijua?"

"Mimi nilijua nimempa mtu gunia la mavi ya ng'ombe. Uliniuliza?"

Watu walicheka, wifi, nisikufiche. Lakini ni kicheko cha watu walioshusha mzigo. Wapo pia walionong'ona kuhusu boti, na watanong'ona wiki hii na ijayo. Margaret aliwasikia akawageukia: "Nani hapa hajawahi kuchelewa?" Halafu akaingia ndani, moja kwa moja, akavaa kiatu chake, akaniomba radhi kwa zile shukrani alizopokea bure. Nilimwambia azirudishe Wenje, si kwangu.

Mafundi walirudisha mabati, na kwa kuwa walikuwa wameshalipwa siku yao, Martin aliwaambia wazibe pale panapovuja. Tulipika wali na samaki, wakala wote.

Nilimkuta Martin chumbani baadaye. Alikuwa amevua viatu, amepiga magoti kwenye mguu wa kitanda. Alikuwa amebandika mkono wake wa kushoto juu ya alama zako, anafuata moja baada ya nyingine, anarudi nyuma. Hakunisikia. Alifika mpaka katikati ya sebule akakaa chini.

"Mama," akasema, "hapa alama zinakatika."

"Ndiyo," nikamwambia. "Halafu zinaendelea."

Amerudi Mombasa leo. Ameniambia chumba kile amekiacha, na kwamba tabasamu langu hataliogopa tena. Fahima amenitumia ile video ya baba Martin akifunga kamba, iko kwenye simu yangu. Zile zako alizifuta mbele yangu alipopita tena hapa, ila moja nilimwomba aiache. Unajua ni ipi. Hakuna mwingine atakayeiona.

Kuhusu boti, mimi sina neno. Aliuliza kama umefika, na mimi naijua sauti yake akiwa na hasira na naijua akiwa hana. Hakuwa nayo. Alikufa akiwa na hakika kwamba uko njiani. Na sasa najua ulikuwa njiani kweli, ulichelewa tu.

Mvua za vuli zimeanza kunukia. Nina vyombo vya kufungua, niliviweka vibaya sana kwenye magunia, sioni kijiko hata kimoja.

Unapomwombea mdogo wako, na mimi unikumbuke.

Wifi yako,
Pauline